Kigae Kilichopokelewa Matangani

Kigae kilitua juu ya meza ya masjala kikiwa cheusi tititi, na Mwaja Chilongola alijua kabla hajakigusa kwamba mtu aliyekileta amechelewa.

"Nimeleta pingamizi," alisema mwanamke aliyesimama mbele yake. Alikuwa mtu mzima, kichwa kimenyolewa upya, viatu vimejaa vumbi jekundu la mlimani. "Naitwa Nakijwa Mmbaga, mwenyekiti wa ndiva, bwawa la maji la kijiji cha Kwamrutu. Tuzo hii tunaomba mahakama iitengue. Sababu zetu ziko humu." Akagonga bahasha kwa kidole. "Kurasa kumi na tisa. Nimeandika mwenyewe, usiku kucha."

Kwa kawaida Mwaja hakukaa mezani. Yeye alikuwa tarishi wa Mahakama ya Maji, kazi yake kupanda na kushuka milima ya Upare akiwapelekea watu tuzo, yaani maamuzi ya Msuluhishi, ile akili ya mashine iliyosikiliza mashauri yote ya maji katika ukanda ule. Lakini Ijumaa hiyo karani alikuwa likizo. Akakichukua kigae, akakiingiza kwenye mwanya wa mashine ya masjala. Mashine haikuchelewa hata kwa pumzi moja.

"Tuzo ilipokelewa siku arobaini na moja zilizopita," ilisema kwa sauti ya upole. "Muda wa kuipinga ni siku thelathini. Ombi halipokelewi. Tuzo itafungwa Jumatatu."

Nakijwa aliitazama mashine, akamtazama Mwaja, akaitazama tena mashine.

"Arobaini na moja? Mimi nimekipata jana!"

"Jana?"

"Jana tumeanua matanga ya kaka yangu, Elinami. Mtani akanitolea kigae mbele za watu, akaniambia, mzigo wako huu hapa, nimekutunzia. Nimekipokea kikiwa cheusi hivi hivi. Nikajua labda vya siku hizi ndivyo vilivyo." Alitabasamu kwa taabu. "Binti yangu, mimi ni Mpare. Watani zetu husema Mpare huuza ng'ombe ili apate nauli ya kwenda kushtakia kuku. Umewahi kusikia Mpare aliyechelewa kesi?"

Mwaja hakuweza kucheka. Aliikumbuka nyumba hiyo ya msiba, aliukumbuka mlango wake, na zaidi ya yote aliyakumbuka maneno matatu aliyoyatamka pale kwa kinywa chake mwenyewe.

*

Siku arobaini na moja kabla ya hapo, alipanda hadi Kwamrutu adhuhuri akiwa na kigae mkobani, cheupe kama unga wa muhogo.

Kigae cha tuzo hutoka kwa Msuluhishi kikiwa cheupe. Mhusika akikiwekea kidole gumba, na tarishi akatamka jina la mhusika na neno "amepokea", kigae huanza kubadilika. Siku ya kumi huwa rangi ya chai ya maziwa. Siku ya ishirini rangi ya ngozi ya viazi. Siku ya thelathini huwa cheusi, na hapo mlango wa mahakama umefungwa. Jumatatu ya pili baada ya hapo jaji hutamka neno moja tu, na tuzo huingia katika nyavu.

Nyavu zenyewe zilikuwa hai. Zilifumwa kwa nyuzi za uyoga zilizokuzwa maabara, zikatandazwa juu ya vilele ili zinywe ukungu wa alfajiri na kuutiririsha mabombani. Zilipokwisha kupewa tuzo ziliitii kwa miaka ishirini: zilifungua vinyweleo upande huu, zikafunga upande ule, na hapakuwa na mtu, tajiri wala mbunge, ambaye angeweza kuzishawishi vinginevyo.

Mwaja aliupenda utaratibu huo kama wengine wanavyopenda wimbo wa taifa. Kwao Bahi, babu yake alishtaki kuhusu kisima akiwa kijana mwenye ndevu nyeusi. Kesi ikaenda, ikarudi, ikakatiwa rufaa, faili likapotea, likaonekana, likapotea tena. Hukumu ilitoka baada ya miaka thelathini na mmoja. Babu alishinda. Kisima kilikuwa kimekauka miaka sita kabla, na babu mwenyewe alikuwa amelala kaburini kwa miaka miwili. Ndiyo maana Mwaja, alipomaliza chuo, hakutaka kazi nyingine. Aliona kigae kinachojua kufika mwisho ni rehema.

Alipofika Kwamrutu alikuta turubai, majiko matatu ya kuni, na kicheko. Msibani, kicheko! Katikati ya uwanja alisimama mwanamke mrefu amevaa koti la marehemu lenye vifungo vya shaba, kofia yake imeangukia jicho moja. Alichechemea, akakohoa, akapaza sauti nzito ya kiume: "Nani kafungulia maji ya ndiva bila ruhusa yangu? Nimekufa leo tu, mmeshaanza wizi?" Wafiwa walicheka huku machozi yakiwatiririka, kwa maana Elinami, mlinzi wa ndiva, alikuwa akitembea hivyo hivyo na kukohoa hivyo hivyo.

Huyo alikuwa Aikande Tarimo, Mchaga wa Mfereji Mpya, kijiji cha juu. Watu wake walihamia kileleni baada ya mifereji ya Kilimanjaro kukauka, wakaja na migomba yao mgongoni. Tangu enzi na enzi Wachaga na Wapare ni watani, na penye msiba mtani ndiye mwenye nyumba. Hupika, hukemea, huvaa nguo za marehemu na kumwigiza ili walio hai wapate kupumua.

"Karibu, binti," Aikande alimwambia langoni. "Umekuja kuzika au kula?"

"Nimeleta tuzo, mama. Ya Nakijwa Mmbaga. Shauri la nyavu za kilele."

Aikande akaacha kuchechemea. Yeye alikuwa mwenyekiti wa nyavu wa Mfereji Mpya, na kigae cha upande wake alikuwa amekipokea asubuhi ile ile kwa Mwaja huyu huyu. Alijua kimeandikwa nini: mafungu matatu ya ukungu kwao, fungu moja kwa Kwamrutu.

"Nakijwa amekaa chini," alisema. "Hapokei kitu isipokuwa pole. Mfiwa habebeshwi mzigo, mwanangu. Mizigo yote ya nyumba hii ni ya mtani mpaka matanga yaanuliwe. Lete."

"Sheria inataka kidole chake."

"Basi ingia ukamnyanyue."

Mwaja alichungulia. Nakijwa alikuwa mkekani, paji la uso juu ya magoti, ametulia kama kitu kilichosahauliwa. Mwaja akarudi langoni, akanyoosha kigae, na Aikande akakiwekea gumba lake.

Waliokibuni kigae hawakukifundisha kutambua chenyewe kidole ni cha nani. Walisema kidole huweza kuigizwa kwa plastiki, lakini tarishi aliyeapa hasemi uongo. Kwa hiyo kigae hutunza alama ya kidole, na jina hulipokea kutoka katika sauti ya tarishi. Mwaja alijua kwamba akitaja jina la Aikande, kigae kitakataa, naye atalazimika kurudi ndani kwenye mkeka ule.

"Nakijwa Mmbaga amepokea," alisema, polepole.

Aikande akakitumbukiza katika mfuko wa koti la marehemu, akairudisha kofia jichoni, akaenda zake akichechemea.

*

Jumamosi asubuhi Mwaja alipanda gari la kamba hadi Mfereji Mpya. Alimkuta Aikande chini ya nguzo za nyavu, ameketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, akiziba pengo katika wavu mmoja. Kila alipofunga kifundo alikidondoshea tone la maji ya ndizi mbivu, na nyuzi zile hai zilijikunja na kushikana zenyewe.

"Tarishi!" alisema Aikande. "Umeniletea nini tena? Mbona uso umekunjamana kama barua ya benki?"

Mwaja akamweleza. Mama yule alisikiliza huku mikono ikiendelea kufunga. Mwaja alipofika kwenye zile siku kumi na moja za kuchelewa, mikono ikasimama.

"Mahakama inahesabu siku za matanga?"

"Inahesabu kila siku, mama."

"Nani aliwafundisha hesabu hiyo? Matanga ni matanga! Mtoto wa Elinami alikuwa kwenye kituo cha angani, ameshuka juzi kwa chombo cha mizigo. Tungeanuaje kabla hajatupa udongo? Nikakaa na ule mzigo kama nilivyofundishwa na mama yangu. Sikukitazama tena. Nilipokitoa nikaona kimebadilika rangi, nikasema labda ni jasho la koti."

Alitazama bonde. Huko chini ndiva ya Kwamrutu iling'aa, duara dogo la maji lililochimbwa na mababu wa Wapare na kuzibuliwa kila mwaka kwa zamu. Karibu na alipoketi, huku juu, vilisimama vitalu vya migomba michanga, maelfu, vikisubiri maji ya tuzo.

"Kwa hiyo tumeshinda," alisema taratibu. "Moja kwa moja. Miaka ishirini."

"Ndiyo."

"Na Nakijwa analalamikia nini?"

"Kwamba Msuluhishi alifunga usikilizaji wakati Elinami yuko hospitali. Alikuwa na madaftari ya vipimo vya ukungu vya miaka arobaini. Shahidi wao mkuu, na hakusikilizwa hata neno moja. Mahakama haifungui tuzo kwa sababu mtu hakupenda mgawo, mama. Lakini upande mmoja ukinyimwa nafasi ya kusema, hiyo ni sababu. Ingesikilizwa, kama angewahi."

"Ukisema kweli yako mbele ya jaji, wewe utapata nini?"

"Nitavuliwa beji, huenda moja kwa moja."

"Na ukinyamaza?"

"Hakuna atakayejua. Ila wewe na mimi."

"Na Elinami," Aikande alisema. Aliinama, akashika tena uzi wake. "Watu mia nne wamenituma niwaletee maji, binti. Wengine walizika watoto njiani tulipohama. Usidhani ni jambo jepesi, na usinitazame kwa macho hayo ya kanisani. Jumatatu nitakuja. Nitakachosema, sijui. Sasa niache nimalize kifundo hiki."

Mwaja alishuka akibishana na nafsi yake njia nzima. Kama saa ya mahakama inaweza kurudishwa nyuma kwa huruma, basi si saa. Kesho atakuja mwingine na msiba wake, keshokutwa mwingine na homa yake, na taratibu watarudi kule kwenye miaka thelathini na mmoja ya babu. Hilo aliliamini kwa moyo wote. Lakini saa iliyoanzishwa kwa uongo, hata uongo wa heshima, inahesabu nini hasa? Gari la kamba lilipogusa kituo cha chini, hakuwa amepata jibu linalomridhisha. Alichokuwa nacho ni aibu tu, na aibu ile ilikuwa ikimsukuma upande mmoja.

*

Jumatatu ukumbi ulijaa. Kwamrutu walikaa kushoto, Mfereji Mpya kulia, na Aikande katikati ya watu wake, amekumbatia kikapu. Hakumtazama mtu.

Jaji Kokushubira alikuwa mwanamke mfupi mwenye miwani minene, aliyesifika kwa kumaliza mashauri kabla chai yake haijapoa. Kigae cheusi kilikuwa mbele yake.

"Kuna mwenye sababu ya kusema tuzo hii isifungwe?"

Nakijwa alisimama bila wakili. Alisema yote kwa ufupi: kaka yake, madaftari, matanga, mtani. Jaji alisikiliza mpaka mwisho.

"Pole kwa msiba, Bi Nakijwa. Lakini kumbukumbu inasema ulipokea mwenyewe. Ni sauti ya tarishi aliyeapa. Siwezi kuivunja kwa sababu nakuhurumia."

"Mheshimiwa Jaji." Mwaja alijikuta amesimama. Sauti yake ilimtoka nyembamba kuliko alivyotaka. "Sauti hiyo ni yangu, na haikusema kweli. Aliyeweka kidole si Bi Nakijwa. Niliwaonea haya wafiwa, nikataja jina lake. Kosa ni langu peke yangu."

Minong'ono ikapita ukumbini. Jaji alivua miwani.

"Tarishi Chilongola, unaniambia ulisema uongo siku ile. Nitajuaje kwamba husemi uongo leo?"

Mwaja alikitazama kigae kilichokuwa mezani.

"Kigae kimetunza alama," Jaji aliendelea. "Lakini alama haisomeki mpaka kidole kile kile kikiguse tena, kwa hiari yake. Siwezi kumlazimisha mtu. Yupo aliyekigusa?"

Feni ya dari ilizunguka. Upande wa kulia mtu mmoja alikohoa. Mwaja alitazama sakafu, maana aliona si haki kumtazama Aikande.

Ndipo kikapu kikafunguliwa.

Aikande alitoa koti lenye vifungo vya shaba. Akalivaa bila haraka, kifungo kimoja, cha pili, cha tatu. Akaweka kofia, ikaangukia jicho. Kisha akatoka kwenye safu yake akichechemea, na alipofika katikati ya ukumbi akakohoa kile kikohozi, na upande wa kushoto wote ukashusha pumzi kwa pamoja. Mtoto wa Elinami akaficha uso kwa viganja.

"Mheshimiwa," alisema kwa sauti ile nzito, "mimi ni Elinami, mlinzi wa ndiva. Niliitwa kutoa ushahidi nikiwa kitandani, sikusubiriwa. Nikafa. Ningekuja mapema, lakini huko niliko hakuna nauli." Watu wakacheka, kicheko kilichovunjika katikati. "Nimesikia mnasema dada yangu amechelewa. Mpare kuchelewa kesi! Mnanitukania ukoo. Mzigo wake ulikuwa kwenye mfuko wangu huu, siku arobaini. Aliyeutia humo ni mtani wangu. Ni Mchaga, mnawajua, akishika kitu hakiachii upesi."

Akavua kofia. Aliposema tena, sauti ilikuwa yake.

"Ni mimi, Aikande Tarimo, niliyegusa."

Akaweka gumba juu ya kigae. Ukumbi mzima ulisikia mlio mdogo, kama maji yakidondokea chunguni, na juu ya weusi ule ikang'aa alama ya kidole, mstari kwa mstari.

"Umetuuza!" kijana mmoja wa Mfereji Mpya alipiga kelele. "Mama, umetuuza!"

Aikande aligeuka. "Sijakuuza, Ndelilio. Nimekataa kukununulia maji kwa msiba wa jirani. Tukishinda, tutashinda madaftari ya Elinami yakiwa yamesomwa. Tukishindwa, tutabanana. Lakini wajukuu wangu hawatakunywa kitu nilichokiiba nikiwa nimevaa koti la marehemu." Akashusha sauti. "Kaa chini, mwanangu. Tutapata maji."

Ndelilio hakukaa mara moja. Mzee mmoja wa kwao alimshika mkono, akamvuta taratibu.

Chai ya Jaji ilikuwa imepoa, na hakuna aliyekumbuka kulitaja jambo hilo. Aliandika kwa muda mrefu, kisha akasoma.

"Sheria ya ukomo wa muda haiwabembelezi wazembe, na leo haitaanza. Mahakama hii haiongezi hata siku moja. Thelathini zinabaki thelathini. Wala sisemi kwamba siku za matanga hazihesabiwi. Zinahesabiwa, na watani wote wa milima hii wasikie. Lakini muda hauanzi kutembea mpaka mhusika apokee tuzo yake. Mkono wa mtani ni mkono wa heshima kubwa, na leo nimeiona heshima hiyo kuliko nilivyopata kuiona katika ukumbi huu. Hata hivyo si mkono wa Nakijwa Mmbaga. Tuzo haijapokelewa. Itapokelewa leo, na pingamizi likija ndani ya muda litasikilizwa."

Akamgeukia Mwaja.

"Tarishi, ulikiri kabla hujajua kama kuna mtu atakuunga mkono. Hilo nimeliandika. Nimeandika pia kwamba ulikitumia vibaya kinywa ambacho milima hii yote inakitegemea. Kuanzia leo hutabeba kigae kwa siku arobaini, na katika siku hizo utapitia upya wote uliowapelekea tuzo, nyumba kwa nyumba, uwaulize ni nani hasa aliyepokea. Beji yako iache hapa. Ila kabla hujaivua, una kazi moja hujaimaliza."

Kigae kilikuwa kimeanza kupauka. Weusi ulikimbilia kingoni, ukapotea, mpaka kikabaki cheupe kama siku ile alipokipandisha mlimani. Mwaja akakichukua kwa mikono miwili, akavuka ukumbi. Nakijwa alikuwa amesimama, na Aikande, bado ndani ya koti, amesimama kando yake.

"Safari hii usimpe mtu akutunzie," Aikande alimnong'oneza mtani wake. "Na kesi ikiisha, nakudai mbuzi wa nauli ya kwenda kuzimu na kurudi."

"Utampata," Nakijwa alisema, akipangusa macho. "Nitakushtaki kwanza, halafu utampata."

Mwaja alinyoosha kigae. Hakutazama sakafu wala mlango. Alimtazama Nakijwa usoni, akasubiri mpaka naye amtazame, akasubiri mpaka gumba litue na kutulia juu ya weupe ule.

"Nakijwa Mmbaga," alisema, kwa sauti iliyofika hadi safu ya mwisho, "amepokea."